Mguu Unaosikia Mashine

Fundi Futi alikuwa mwongo, na mtaa mzima ulimpenda kwa sababu hiyo. Jina la Futi alipewa kwa ule utepe wa kupimia aliouvaa shingoni asubuhi mpaka jioni, na mara moja aliwahi kwenda nao msibani akapita mbele ya wafiwa bila kujua. Mteja akiingia dukani, Fundi alimzungushia futi kiunoni, akachungulia namba, kisha akatangaza kwa sauti namba nyingine iliyo ndogo. Kiuno kikiwa inchi arobaini na mbili, mdomo ulisema thelathini na nane, na kalamu ikaandika arobaini na mbili daftarini. Hicho alikiita kipimo cha heshima. Mjomba wake, aliyemfundisha kazi, alimwambia zamani kwamba mteja hununua nguo kwanza kwa masikio, basi mpe namba ya kumfurahisha na ukate kitambaa kwa namba ya kweli. Nguo ilimkaa vizuri, mteja akaamini amepungua, na mwezi uliofuata alirudi na rafiki yake.

Daftari lenyewe lilikuwa nene, limefungwa kwa kipande cha lastiki, na ndani yake mlikuwa na viuno vya mtaa kwa miaka ishirini na mitano. Mtu mwenye akili angelisoma angejua mengi. Fundi alimwona mteja aliyeanza na thelathini na mbili akifika arobaini na nne, na alichowaza ni kitambaa kitaongezeka kiasi gani. Ukurasa uliochakaa kuliko yote ulikuwa wa mwanawe wa pekee, dereva wa lori, ambaye hakuwahi kuvaa suruali ya dukani tangu kaptura ya darasa la kwanza. Ukurasa wa Fundi mwenyewe haukuwepo. Mkewe alipomuuliza, alijibu kwamba kinyozi hajinyoi. Suruali zake alizitia lastiki, na lastiki ina adabu, haimuulizi mtu jana amekula nini.

Duka lilikuwa chumba cha mbele cha nyumba yake. Cherehani ilikaa karibu na mlango ili ipate mwanga, meza ya kukatia nyuma yake, pasi kwenye kona, na juu ya dirisha msumari wenye mifuko ya vifungo. Ilikuwa cherehani nyeusi ya miguu aliyorithi kwa mjomba, na aliishonea akiwa peku. Hapo mjomba hakuwa na mzaha. Alisema kiatu ni ukuta, na mguu mtupu ndio unaosikia mashine. Kwa miaka hiyo yote Fundi alijua kwa wayo wake sindano imeanza kuwa butu, uzi unataka kukatika, au mshono umefika penye kitambaa cha tabaka nne na yafaa apunguze mwendo. Macho yalikuwa ya kuangalia chaki tu, kazi yenyewe ilifanywa na mguu wa kulia, na hasa kidole gumba.

Mwanafunzi wake mmoja tu ndiye aliyeshika somo hilo sawasawa. Alikuwa mwanamke mwenye mikono myepesi, waliyemwita Pindo kwa jinsi alivyopinda nguo bila kuacha alama. Sasa Pindo alikuwa na kibanda chake mwisho wa mtaa, naye pia alishona peku.

Basi mwaka ule mashine ilianza kunyamaza.

Hakuna aliyeisikia ikinyamaza ila Fundi. Sauti yake ilikuwa ile ile, gurudumu likizunguka na sindano ikipanda na kushuka. Lakini chini, kwenye kikanyagio, Fundi aliona kana kwamba mtu ametandika blanketi kati ya wayo wake na chuma. Siku nyingine blanketi lilikuwa jembamba, siku nyingine nene. Alitia mafuta. Akabadilisha mkanda wa ngozi. Akafungua kikanyagio kizima, akakisugua kwa mafuta ya taa, akakirudisha. Blanketi likabaki pale pale.

Mambo mengine yalikuwepo, lakini yale hakuyahesabu kuwa mambo. Alikuwa na kiu ya ajabu, akaweka dumu la maji chini ya meza na chupa ya soda kando yake, kwa kuwa maji peke yake hayakumkata kiu. Alikwenda msalani kiasi kwamba wateja walizoea kukuta kiti kitupu na uzi umening'inia. Baada ya chakula cha mchana macho yalikuwa mazito, akalala ameegemea ukuta na sindano mdomoni, tabia iliyomkosesha mkewe raha. Alibadilisha miwani mara mbili. Tumbo lilitangulia mlangoni, naye akafuata, huku mapaja na mikono ikisinyaa. Na shingoni, pale futi ilipolala, ngozi iligeuka nyeusi tii, nene kidogo, laini ukiigusa. Mkewe alidhani haogi vizuri, akamsugua kwa dodoki mpaka akalalamika.

"Hii ni rangi ya futi," Fundi alisema. "Miaka thelathini inanisugua shingo, unategemea nini?"

"Futi ni ya njano," mkewe akasema.

"Basi ni jasho."

"Baba watoto, twende hospitali ukapimwe. Kiu hiyo siyo ya mtu mzima. Babako alikunywa maji hivi hivi, tukamzika tukisema ni uzee."

"Nikimaliza sare."

Sare zilikuwa za shule ya jirani, sketi na kaptura za watoto wa madarasa matatu, na shule zilikuwa karibu kufunguliwa. Kila mtu ana sare zake, jambo analosema akilimaliza ndipo atajitazama. Nami sijapata kumwona aliyezimaliza.

Kwa kuwa mashine ilizidi kunyamaza, alimwita Spana, fundi wa mashine, mtu mwembamba aliyebeba vifaa vyake vyote katika mkoba wa shule. Spana aliifungua cherehani, akaipuliza, akaichungulia tumboni kwa tochi, akashona kipande cha kitambaa kwenda na kurudi. Kisha akafuta mikono.

"Fundi, mashine haina kitu."

"Haina kitu vipi, na mimi siisikii?"

"Mimi naisikia. Inakwenda vizuri kuliko pikipiki yangu."

"Wewe umekaa nayo dakika tano. Mimi nimekaa nayo maisha."

"Basi labda mmenuniana," Spana akasema, akafunga mkoba wake.

Fundi alimwita mara ya pili, na mara ya tatu Spana hakuja, akatuma salamu kwamba haponyi kisichoumwa. Fundi alikasirika sana. Alisema mafundi wa siku hizi wanajua kufungua tu. Wakati huo mishono yake ilikuwa imeanza kuyumba. Mguu usiosikia hukanyaga kwa pupa au kwa uvivu, na mkono hauna wa kumfuata. Mwalimu mkuu wa shule alirudisha sketi kumi na mbili ambazo pindo zake zilipanda upande mmoja, akazitandaza mezani moja moja, na hilo likamuumiza Fundi kuliko tusi. Usiku huo alimwambia mkewe kwamba mashine ya mjomba imekufa.

Mkewe akamtazama. "Mashine imekufa, au wewe umechoka?"

"Imekufa. Nitanunua nyingine."

Akamuuzia Pindo ile nyeusi kwa bei ya chuma chakavu. Pindo alisita, akauliza mara tatu kama kweli mwalimu anauza mashine ya mjomba, na Fundi akajibu kwa ukali kwamba maiti haiwekwi sebuleni. Vijana wawili waliibeba mpaka mwisho wa mtaa. Ikaja mpya, ya miguu vile vile, ya rangi ya kijani, inang'aa. Fundi akavua viatu, akaketi, akaweka wayo juu ya kikanyagio.

Blanketi lilikuwepo.

Shaka ilimpita, lakini alikuwa hodari wa kutangaza jambo kwa namba ndogo. Alisema vitu vya kiwandani vya siku hizi havina uhai. Akaendelea kushona, na kwa kuwa sare zilimzidi, siku moja asubuhi alifunga furushi la sketi zilizokatwa akampelekea Pindo amsaidie.

Alipofika hatua chache kutoka kwenye kibanda aliisikia. Angeitambua katikati ya mashine mia. Ilikuwa cherehani ya mjomba, inakwenda kwa mwendo mmoja, ikipunguza penye kona na kuongeza penye mshono mrefu, bila kukwama. Fundi alisimama nje na furushi lake mpaka mtu akamwomba apishe njia.

"Uliitengeneza nini?" alimuuliza Pindo hata kabla ya salamu.

"Shikamoo, mwalimu. Sikutengeneza kitu. Niliifuta vumbi tu."

"Nipishe niketi."

Pindo akampisha. Fundi akavua kandambili, akaweka miguu yote miwili, akakanyaga. Gurudumu likazunguka. Kwa masikio aliisikia, tena vizuri, kama siku zile. Kwa mguu hakusikia chochote. Hakusikia ubaridi wa chuma wala maua yaliyochongwa juu yake, ambayo kwa miaka thelathini aliyajua kwa wayo kuliko anavyojua sura yake. Hapo ndipo alipofanya jambo ambalo hakulifanya kwa mwaka mzima. Aliacha kuitazama mashine, akautazama mguu.

"Mwalimu," Pindo alisema taratibu, "inua mguu kidogo."

Kikanyagio kilikuwa na damu, na nyingine iliyochanganyika na maji ya njano. Pindo alipiga magoti, akaushika mguu wa mwalimu wake kwa mikono miwili. Chini ya kidole gumba, katika nyama iliyovimba na kuwa nyeusi pembezoni, kilionekana kichwa chekundu cha pini, kimezama mpaka kikalingana na ngozi. Harufu ilikuwa imeanza. Pindo aligeuza uso, kisha akaurudisha, kwa sababu alikuwa mtu wa adabu.

Fundi alikitambua kichwa kile. Pini zenye vichwa vyekundu alizitumia kwenye sketi za kwanza tu, na kopo lilikwisha Jumanne ya juma lililopita. Akahesabu. Pini ilikuwa mguuni mwake siku nane. Siku zote hizo aliitembelea, aliisimamia, na kila alipokanyaga mashine aliipigilia ndani zaidi. Kikulacho ki nguoni mwako, wahenga walisema, na huyu alikuwa mshona nguo.

Aliogopa. Alimwambia Pindo wazi, "Naogopa, mwanangu," naye Pindo akafunga kibanda, akamtafutia usafiri na kumpigia simu mama watoto akiwa njiani.

Daktari alikuwa mwanamke kijana mwenye sauti ya chini. Alimtoa pini, akausafisha mguu, akamtoboa kidole kupima sukari, akafunga mkanda wa presha, akatazama namba, akaurudia tena ule mkanda. Alichukua uzi mgumu kama wa kuvulia samaki, akamwambia afumbe macho na kusema kila anapoguswa. Fundi alifumba macho akangoja kuguswa. Alingoja mpaka akaona aibu, akafungua jicho moja, akakuta uzi ule umepinda juu ya wayo wake. Alikuwa ameguswa mara tisa.

Mwishowe daktari akachukua futi, akamzungushia kiunoni. Fundi aliinamisha kichwa, akachungulia, na mdomo ukatangulia kwa mazoea ya miaka mingi.

"Thelathini na tisa," alisema.

Daktari akatazama futi, akamtazama na yeye. "Mzee wangu, mimi nasoma arobaini na sita."

Mkewe, aliyeketi kwenye benchi na viatu vya mumewe mapajani, aliinama.

"Kuna mahali umeandika jinsi kiuno kilivyokuwa kinaongezeka?" daktari aliuliza. "Ingenisaidia kujua kitu hiki kilianza lini."

"Nimeandika vya watu wote," Fundi akasema.

Daktari alivuta kiti, akamweleza bila haraka. Alisema sukari, presha, mafuta kwenye damu, mafuta kwenye ini na kiuno hicho ni ndugu wa tumbo moja, ukimwona mmoja mlangoni ujue wengine wako njiani. Kuna kitu mwili unatoa, kinaitwa insulini, ndicho kinachoifungulia sukari mlango itoke kwenye damu iingie kwenye misuli ikafanye kazi. Mafuta yakijaa ndani ya tumbo na kwenye ini, ile milango inakuwa migumu. Kongosho linaongeza insulini, linaongeza tena, pengine miaka kumi, na mtu haoni kitu ila usingizi baada ya kula na suruali kubana. Siku linapochoka, sukari inabaki kwenye damu na kuharibu mishipa midogo, ya macho, ya figo na ya fahamu za miguu. Ile mikubwa ya moyo na ubongo nayo haisalimiki.

"Na hapa shingoni," alisema, akigusa ule weusi kwa kidole, "mwili ulikuwa unakwambia zamani. Huu weusi mara nyingi huja kabla ya kiu."

"Nilidhani ni futi," Fundi akasema.

"Ulikuwa ukila vipi? Ukitembea?"

"Nimekaa, binti yangu. Kazi yangu ni kukaa. Na soda ilikuwa dawa ya kiu."

Daktari akatikisa kichwa, lakini hakumgombeza. Alisema si kosa la mtu mmoja tu, damu ya ukoo nayo inachangia, kazi za kukaa, vyakula vya bei rahisi, usingizi mchache. Fundi alimsikiliza kama mtu anayesomewa barua ya mtu mwingine. Kisha akauliza lile moja lililomleta.

"Mguu nitautumia? Mimi kazi yangu ni mguu."

"Tutapigania mguu. Vidole sikuahidi."

Vilikwenda viwili, kidole gumba na kinachokifuata. Alikaa hospitali majuma matatu, na sare zikamalizwa na Pindo kwenye mashine ya mjomba. Watoto walizivaa siku ya kufungua shule, na pindo hazikupanda popote.

Fundi alirudi nyumbani na kiatu kikubwa chenye soli nene, alichoamriwa asikivue isipokuwa kulala. Alichukia kiatu kile. Akakichukia na kisahani kidogo cha chakula, vidonge vya asubuhi na jioni, na kutembea kwenye barabara ya mtaa akipungiwa mikono na watu aliowadanganya viuno vyao. Aliwaona kwa macho mapya, akawa hawezi kutazama uso kabla ya tumbo, na hilo lilimtia majonzi. Kila asubuhi mkewe alimkalisha mlangoni penye mwanga, akamkagua nyayo moja baada ya nyingine na kati ya kila kidole, kwa umakini ule ule anaochagulia mchele. Siku moja mkewe alisema, akiwa bado ameinama, "Ulinificha," naye Fundi akajibu kwamba alijificha yeye mwenyewe kwanza.

Alijaribu kushona kwa kiatu. Ilikuwa kama kupiga simu kwenye namba isiyotumika. Spana, ambaye tangu asikie habari za mguu aliona haya pasipo sababu, alikuja bila kuitwa akaifungia mashine ya kijani mota ya umeme. Ile nayo huendeshwa kwa kukanyaga, ukigusa kidogo inakwenda kidogo. Fundi hakujua kidogo ni kiasi gani. Alikanyaga, na mashine ikaruka na shati la mteja, ikala kola, ikala mfuko, ikapita juu ya kucha ya kidole chake cha shahada. Spana akachomoa waya. Fundi alicheka kwanza, kicheko cha kweli, akimwonyesha Spana kola iliyoshonwa kwenye mfuko. Halafu akalia mbele yake, kwa sauti, na Spana akakaa sakafuni karibu naye akikusanya vipande vya uzi ambavyo havikuhitaji kukusanywa.

Tangu hapo Fundi alipima na kukata, na Pindo akashona. Kulikuwa na kazi, kulikuwa na chakula, lakini ufundi wake ulikuwa umeondoka naye alijua.

Dereva, mwanawe, alirudi safari mwezi wa pili baada ya baba yake kutoka hospitali. Alikuwa na miaka thelathini na mmoja, mcheshi, mwenye mikono mizito ya usukani. Alikuja dukani na kitambaa kizuri cha kijivu alichonunua mbali, soda mkononi, akamsalimia baba yake akitazama pembeni ya kile kiatu.

"Nataka suruali ya harusi ya rafiki yangu, Baba. Wewe kata, dada Pindo atashona."

Fundi akachukua futi, akamzungushia. Akasoma. Alifungua daftari kwenye ule ukurasa uliochakaa. Thelathini. Thelathini na tatu. Thelathini na sita, mwaka aliopata lori. Thelathini na tisa. Namba zilipanda kwa mwandiko wake mwenyewe, safi, na kando ya kila moja kulikuwa na tarehe. Akainua macho kumwambia mwanawe ageuke apime urefu, na mwanawe akageuka.

Shingoni, chini ya nywele zilizonyolewa karibuni, palikuwa na mstari mpana wa weusi.

Fundi alisogea, akaugusa kwa kidole gumba cha mkono. Ulikuwa laini. Dereva hakuwahi kuvaa futi shingoni hata siku moja.

"Nini, Baba? Kuna uchafu?"

"Arobaini na mbili," Fundi akasema kwa sauti.

Dereva alicheka. "Leo umesahau kipimo cha heshima."

"Heshima imenila vidole viwili."

Kicheko kikaisha. Fundi alimkalisha, akamvua viatu kama alivyokuwa akimvua akiwa mdogo, akamwambia afumbe macho. Akachukua pini, akaigeuza kwa upande wa kichwa, akamgusa chini ya kidole gumba.

"Nasikia," Dereva akasema.

Akamgusa kisigino. Akamgusa katikati ya wayo, na ukingoni, na chini ya kidole kidogo, mguu huu na mguu ule, na kila mara mwanawe alijibu nasikia. Pumzi iliyomtoka Fundi alikuwa ameishikilia tangu hospitali. Lakini weusi ule ulikuwepo, na kiuno kilikuwepo, na kando ya kiti ilikuwepo chupa ya soda iliyobaki robo.

"Kesho asubuhi twende kwa daktari," alisema. "Bado mapema. Wewe bado unasikia. Alisema mtu akianza mapema anaweza kuirudisha sukari nyuma."

"Nikimaliza safari za mwezi huu, Baba. Zimebaki mbili tu."

Mke wa Fundi, aliyekuwa akipiga pasi kwenye kona, aliinua pasi akaishikilia hewani. Fundi alimsikia mwanawe, na alijisikia yeye mwenyewe, neno kwa neno, ila sare zimegeuka safari. Angeweza kufoka. Angeweza kuvua kiatu amwonyeshe. Akatandaza kile kitambaa cha kijivu mezani, akachukua chaki, akapiga mistari, akashika mkasi.

"Unakata?" Dereva akauliza, akipata nafuu.

"Nakata."

Mkasi ukapita. Dereva alikulia chini ya meza ile, alijua kusoma chaki. Alisogea, akahesabu kwa macho, akahesabu tena.

"Baba, hiyo ni thelathini na nane."

"Ndiyo."

"Haitaniingia."

"Najua. Ndiyo namba ambayo ningekwambia. Miaka yote mnaisikia mnaondoka mnafurahi. Leo nimekukatia."

"Umeharibu kitambaa changu."

"Nimekiharibu," Fundi akakubali. "Kitambaa kinanunuliwa kingine. Nimekuharibia na mambo mengine, mwanangu. Nilikuwa nayaandika hapa, tarehe na kila kitu, nisiyasome."

Dereva alivitazama vile vipande vya kijivu. Mkono wake ukapanda polepole nyuma ya shingo, ukakaa pale. Mashine ya mjomba ilisikika kwa mbali mwisho wa mtaa. Mama akaishusha pasi kwenye kisahani chake.

"Huyo daktari anafungua saa ngapi?" Dereva akauliza, bila kumtazama mtu.

"Saa mbili. Lakini foleni inaanza saa kumi na mbili unusu."

"Na wewe utakuja?"

"Nitakuja."

Fundi Futi akainama kutazama kama kiatu chake kimeingia sawasawa, maana mguu wenyewe hauwezi kumwambia tena.